Jan Garbarek, Miaka Saba Bila Uraia

Kuna habari moja ambayo hurudiwa karibu katika kila wasifu wa Jan Garbarek, na wengi wanaoiandika huipita haraka kama mtu anayeruka dimbwi. Kwa ufupi inasema hivi: alizaliwa Norway, katika mji mdogo wa Mysen, tarehe 4 Machi 1947, akakulia Oslo, na mpaka alipotimiza miaka saba hakuwa raia wa nchi yoyote. Baada ya hapo mwandishi anaingia kwenye saksofoni, na ile habari ya uraia haisikiki tena hadi makala inaisha.

Mimi siwezi kuipita. Nimezaliwa makazi ya wakimbizi ya Ulyankulu, mkoani Tabora, kwa wazazi waliotoka Burundi katika lile wimbi la mwaka 1972. Nimesoma Tanzania, nimeimba wimbo wa taifa kila asubuhi nikiwa na kaptula ya kaki, lugha ninayoota nayo ni Kiswahili. Lakini kwa karatasi sikuwa Mtanzania mpaka nilipokuwa mtu mzima mwenye ndevu. Kwa hiyo ninapoona maneno "bila uraia hadi miaka saba" yamewekwa kati ya tarehe ya kuzaliwa na jina la shule, nasimama kidogo. Najua miaka saba ni siku ngapi.

Baba yake aliitwa Czesław Garbarek, Mpolandi. Alifika Norway kama mfungwa wa vita. Wajerumani waliikalia nchi hiyo tangu 1940 hadi 1945, na katika miaka hiyo walileta huko maelfu kwa maelfu ya wafungwa, Warusi, Wayugoslavia, Wapolandi, wakawafanyisha kazi ngumu za barabara na reli katika baridi ya kaskazini. Wengi walikufa. Vita vilipokwisha, wengi wa waliobaki walirudishwa kwao. Czesław yeye alibaki, akamwoa binti wa mkulima, wakapata mtoto mmoja tu. Mtoto huyo, ingawa mama yake ni Mnorway wa kuzaliwa, na udongo aliotambalia ni wa Norway, hakupewa uraia palepale. Sheria ya wakati ule haikutoa kitu hicho wenyewe wenyewe. Ilibidi kingojewe.

Sasa, mtoto wa miaka mitano hajui maana ya uraia. Hilo nakubali. Hata mimi sikujua. Ila nyumba inajua. Nyumba ambayo ndani yake kuna mtu asiye na karatasi ina namna yake ya kunyamaza mlango unapogongwa. Kwetu baba alikuwa na kitambulisho cha mkimbizi alichokifunga kwenye mfuko wa nailoni, na ili kutoka makazini kwenda mjini ilibidi aombe kibali. Alilima tumbaku nzuri, alikuwa mtu wa kusimama mbele ya watu na kuzungumza, lakini mbele ya meza ya karani aliyekuwa na umri wa kuwa mwanawe alishika kofia kwa mikono miwili. Sitaki kumtwisha Garbarek historia yangu. Ya nyumba ile ya Oslo anayajua mwenyewe. Ninachosema ni kwamba yeyote anayeeleza sauti ya mtu huyu kwa kutaja barafu na milima, na hataji kabisa kwamba alianza maisha bila nchi, ameanzia katikati.

Nitarudi kwenye hiyo barafu, maana ina ugomvi wake.

Mwaka 1961, akiwa na miaka 14, alimsikia John Coltrane redioni. Kipande chenyewe kilikuwa "Countdown", ambacho kimo katika santuri ya *Giant Steps*. Ukikisikiliza leo bado kinatisha: ngoma peke yake kwanza, halafu saksofoni inaingia mbio kama mtu anayeshuka ngazi nne nne, na hakifiki hata dakika tatu. Kijana alitaka saksofoni. Kabla chombo hakijafika nyumbani alipata kitabu cha mafunzo kinachoonyesha vidole vinakaa wapi, akawa anafanya mazoezi ya vidole hewani, bila chombo. Hii ndiyo picha ninayoipenda kuliko zote za maisha yake. Kijana amekaa na kitabu, vidole vinabonyeza kitu ambacho hakipo. Mwaka uliofuata, 1962, alishinda shindano la wanamuziki chipukizi. Hakuwa na mwalimu, alijifunza mwenyewe.

Nieleze hapa kitu kwa wasomaji wetu, kwa sababu neno hili "jazi" kwetu lina kazi nyingine. Mtu wa Tabora ukimwambia jazi, anafikiria Tabora Jazz. Wa Dar es Salaam anafikiria Western Jazz au Dar es Salaam Jazz, wa Morogoro ndiyo usiseme, anakuletea Mbaraka Mwinshehe na Morogoro Jazz kabla hujamaliza sentensi. Yaani magitaa yanayosukana, mwimbaji, kiitikio, na saksofoni au tarumbeta zikijibu kwa pembeni. Watu wanacheza. Saksofoni kwenye muziki wa dansi ni kama shangazi kwenye harusi: hamna anayemwita bibi harusi, lakini akikosekana sherehe haijakamilika. Jazi ya Garbarek si ya kucheza. Saksofoni yenyewe ndiye mwimbaji, na mara nyingi hakuna mwingine. Msikilizaji wa dansi akiwekewa kwa mara ya kwanza atauliza, haki yake kabisa, "wataanza saa ngapi?"

Aliyemfungulia mlango mkubwa ni Mmarekani, George Russell, mtunzi na mnadharia mweusi aliyehamia Skandinavia miaka ya 1960. Russell alikuwa na nadharia yake ya muziki iliyochunguza mizani za sauti kwa namna mpya, na alikuwa na sikio. Alimsikia kijana huyu akamchukua katika bendi zake, na baadaye alimsifu kwa kumweka karibu na Django Reinhardt, yule mpiga gitaa wa Ulaya ambaye hata Wamarekani walimheshimu. Nadhani ni vyema kukumbuka hilo. Wamarekani weusi ndio waliomlea Garbarek kisanaa: Coltrane kwa redio, Albert Ayler na Pharoah Sanders kwa santuri, Russell kwa mkono wake, halafu Don Cherry. Cherry, mpiga tarumbeta aliyekuja kuishi Sweden, ndiye aliyemgeuza uso. Alimhimiza atazame nyimbo za asili za nchini kwake mwenyewe. Fikiria jambo hilo lilivyo: mtu mweusi kutoka Marekani anamwambia kijana wa Oslo, na nyinyi mna nyimbo za bibi zenu, mbona hampigi?

Mwaka 1969 Mjerumani mmoja, Manfred Eicher, alianzisha kampuni ya santuri mjini Munich, akaiita ECM. Mwaka uliofuata Garbarek alirekodi Oslo *Afric Pepperbird*, pamoja na Terje Rypdal kwenye gitaa, Arild Andersen kwenye besi na Jon Christensen kwenye ngoma. Jina hilo lina Afrika ndani yake, lakini usitafute sana Afrika humo. Utakuta vijana wanne wanaopiga kelele nzuri, za hasira, za kutafuta. Garbarek wa wakati ule alikuwa mkali. Sauti ya tena yake ilikuwa na changarawe. Katika *Triptykon* ya 1972 bado anaunguruma, lakini humo humo kuna wimbo wa asili wa Norway, "Bruremarsj", maandamano ya harusi. Mbegu ya Cherry ilikuwa imeshaota.

Kisha kuna miaka ya Keith Jarrett, ambayo mashabiki wa piano huipenda sana na mimi nitaipita upesi. *Belonging* ilirekodiwa 1974, *My Song* 1977. Ni kazi nzuri mno. Katika "My Song" yenyewe Garbarek anapiga melodia kama mtu anayeogopa kuivunja. Inatosha.

Ninapotaka kukaa ni *Dis*. Ilirekodiwa Desemba 1976. *Dis* kwa Kinorway ni ukungu, ule mwepesi unaolala juu ya maji. Ndani yake kuna gitaa la Ralph Towner, na kuna kitu cha ajabu: kinubi cha upepo. Hakipigwi na mtu. Kimetengenezwa kwa nyuzi, kinawekwa mahali penye upepo, upepo unapita na nyuzi zinalia zenyewe. Sauti hiyo ilirekodiwa, na Garbarek akapiga saksofoni juu yake. Kipande kimojawapo kinaitwa "Vandrere", maana yake watembezi, watu wa kutangatanga. Kingine "Viddene", nyika za juu milimani.

Hapo ndipo wakosoaji walipompatia jina na hawajamwachia tena. Sauti ya fiodi. Sauti ya barafu. Sauti ya upweke wa Kaskazini. Kila anachopiga, wanaona theluji. Na mimi nimechoka na theluji hiyo, kwa sababu naijua ndugu yake. Ni ileile tabia inayomfanya mwanamuziki yeyote wa Afrika, hata akipiga fidla, asifiwe kwa "midundo" yake. Ni ileile tabia inayomfanya mwandishi yeyote wa kwetu, hata akiandika juu ya talaka, aulizwe kuhusu hadithi za bibi yake kando ya moto. Watu wa mbali wakishakupa mandhari, hawakusikii tena, wanaangalia picha. Garbarek alikulia Oslo, mjini, penye tramu na redio. Shule yake ilikuwa Coltrane. Kama kuna upweke katika soprano yake, upweke unaweza kutoka jikoni pia. Hauhitaji mlima.

Hata hivyo sitasema mandhari haimo kabisa. Kuna kitu kinaitwa *kulokk*, mwito wa ng'ombe. Zamani wanawake wa Norway walipokaa na mifugo malishoni juu milimani majira ya kiangazi, waliwaita ng'ombe kwa sauti nyembamba, ya juu sana, inayokatika ghafla na kuruka, ili ivuke bonde. Sikiliza Garbarek anavyoshika noti ya juu, iliyonyooka, haina mtikisiko, halafu anaipinda mwishoni tu. Ni mwito huo. Nimekaa Tabora jirani na Wasukuma wanaochunga, najua tofauti kati ya mtu anayeimba na mtu anayeita. Anayeimba anajisikiliza, anayeita anasubiri kitu kije. Kwa hiyo ndiyo, nyika imo. Ila imo kama kazi ya watu. Haimo kama picha ya kalenda.

Mwishoni mwa miaka ya 1980 alifanya kazi mbili ambazo kwangu ni muhimu kuliko zinavyotajwa. Ya kwanza ni *Rosensfole*, na mwimbaji wa nyimbo za asili Agnes Buen Garnås, nyimbo za masimulizi za kale ambazo zilipita mdomo kwa mdomo karne nyingi kabla ya kukaa kwenye karatasi. Wasomaji wa tenzi hawatapata taabu: beti baada ya beti, hadithi ina haraka, mtu anakufa katika mstari mmoja na hakuna anayemlilia kwa sababu hadithi inaendelea. Garbarek humo si nyota. Anapiga vinanda na ngoma, anaweka mkeka ili mwimbaji akae.

Ya pili ni *I Took Up the Runes* ya 1990, inayoanza na "Gula Gula", wimbo wa Mari Boine. Boine ni Msami. Wasami ni watu wa asili wa kaskazini, na dola ya Norway kwa miaka mingi iliwakataza watoto wao lugha yao shuleni, ikawafundisha kuona haya uimbaji wao wa *joik*, ambao baadhi ya wahubiri waliuita dhambi. *Gula* kwa Kisami ni "sikia". Garbarek anaupiga bila maneno, na bendi nzito nyuma yake. Katika santuri hiyo pia anasikika Ingor Ántte Áilu Gaup, Msami, akiimba kwa sauti yake mwenyewe.

Nimejiuliza mara nyingi kama ana haki nao. Mtu akichukua wimbo wa watu walionyang'anywa lugha, akautoa maneno, ameusaidia au amemalizia kazi ya walionyang'anya? Sina jibu la kupendeza. Naona kwamba aliutaja kwa jina lake na kwa mwenye wimbo, na aliwaalika wenyewe ndani ya chumba. Naona pia kwamba santuri ilinunuliwa na watu wengi ambao hawakuwahi kwenda kumtafuta Boine. Yote mawili ni kweli. Mama yangu alitubembeleza kwa nyimbo za Kirundi ambazo nusu ya maneno yake siyaelewi. Ikitokea siku mtu akazipiga kwa saksofoni bila maneno, nitalia, halafu nitamuuliza alizipata kwa nani.

Sasa *Officium*.

Nilianza na hiyo, kama watu wengi. Kwenye shule ya sekondari ya misheni niliyosoma kulikuwa na padri mzee kutoka Ulaya aliyekuwa na redio ya CD na sanduku la viatu lililojaa diski. Alipiga muziki ofisini kwake jioni, dirisha wazi, na sisi tuliokuwa zamu ya kumwagilia bustani tuliusikia. Nyingi zilikuwa kwaya na kinanda. Siku moja ilikuja kwaya ya wanaume wachache, Kilatini, polepole, na juu yake kitu ambacho si mtu. Nilidhani ni mtu, lakini si mtu. Nikaacha ndoo. Padri akatoa kichwa dirishani akasema, "Hiyo ni saksofoni, kijana. Maua yanakufa."

Hadithi ya kazi yenyewe inaanzia Iceland, tena mbali na jukwaa lolote la jazi. Eicher alikuwa huko akishughulika na filamu ya *Holozän*, iliyotokana na kitabu cha Max Frisch, mwandishi wa Uswisi, kinachohusu mzee peke yake ambaye kumbukumbu zinamtoka, naye anabandika ukutani vipande vya maandishi kutoka vitabu ili visipotee. (Kisomeni jamani. Ni kifupi.) Katikati ya mashamba yale ya lava iliyopoa, Eicher alikuwa akisikiliza muziki wa Cristóbal de Morales, Mhispania wa karne ya 16, ibada ya wafu. Ndipo wazo likaja: sauti nne za Hilliard Ensemble, waimbaji Waingereza wa muziki wa kale, na saksofoni ya Garbarek iwe ya tano. Walirekodi Septemba 1993 katika nyumba ya watawa ya St. Gerold, Austria. Ilitoka 1994 na ikauza nakala zaidi ya milioni moja, jambo ambalo hakuna aliyelitegemea kwa Kilatini cha miaka mia nne na zaidi.

"Parce mihi Domine" ya Morales imo humo mara tatu. Ya katikati, waimbaji wako peke yao. Sikilizeni hiyo kwanza, mpate kuona alichokuta Garbarek: nyumba iliyokamilika, haina ufa, haikumwita. Maneno yanatoka kitabu cha Ayubu, pale anapomwomba Mungu amwache japo kidogo, kwa kuwa siku zake ni pumzi tu, na anamuuliza mwanadamu ni kitu gani hata achunguzwe kila asubuhi. Halafu sikilizeni ile ya kwanza. Soprano inaingia kwa chini, inasimama mlangoni, inachukua noti moja ya waimbaji na kuikalia, kisha inapanda. Haisemi maneno ya Ayubu. Haina maneno. Ila wale wanne wanapofika mwisho wa kifungu na kuvuta pumzi, yeye yuko pale katika ile nafasi, akimalizia malalamiko ambayo Kilatini hakikuyamaliza.

Wataalamu wa muziki wa kale, baadhi yao, walikasirika. Mashabiki wa jazi, baadhi yao, walisema huyu ameacha jazi kabisa, anawauzia watu usingizi. Ya pili ina ukweli wake kidogo. Kuna kazi zake za miaka ya 1990 ambazo vinanda vya umeme vimezilowanisha, *Visible World* kwa mfano, nzuri kama chumba cha hoteli. Lakini *Officium* si usingizi. Ni mtu aliyeingia katika maandishi ya watu wengine bila kibali na akajipatia pa kukaa bila kumwondoa mtu.

Mimi hiyo ndiyo niliyoisikia pale bustanini, ingawa nilikuja kuweza kuisema miaka mingi baadaye, baada ya kusoma ile habari ya miaka saba.

Mwaka 2010 tuliambiwa tumekubaliwa uraia, sisi wa mwaka 1972 na watoto wetu, zaidi ya watu laki moja na nusu. Kisha karatasi hazikuja. Miaka minne ikapita tukiwa si wakimbizi sawasawa, si raia sawasawa. Katika ofisi moja niliyokwenda kuomba kazi, bwana mmoja alinirudishia vyeti vyangu vya shule akasema vyeti ni vizuri, tatizo ni mwenye vyeti. Vyeti vya uraia vilianza kugawiwa Oktoba 2014. Mwezi huohuo, mji wa Bellinzona huko Uswisi, Hilliard Ensemble na Garbarek walifanya onyesho kanisani katika ziara yao ya kuagana, maana kundi lile lilikuwa linavunjwa baada ya miaka 40. Onyesho hilo lilitolewa 2019 kwa jina la *Remember Me, My Dear*. Hakuna uhusiano wowote kati ya mambo haya mawili, najua. Mimi tu ndiye ninayeyaweka pamoja kwenye rafu moja.

Baba alipopata chake alikitia kwenye mfuko uleule wa nailoni. Jioni nilimwekea *Officium* kwenye simu, nikaiegemeza kwenye kikombe ili isikike. Alisikiliza kipande kizima, hakukohoa. Akauliza wanasema nini. Nikamwambia ni Ayubu. Akauliza, "Na huyu wa tarumbeta?" Nikamwambia yeye hasemi kitu, baba, anapiga tu. Akatikisa kichwa. "Mbona huyo peke yake ndiye ninayemwelewa," akasema, na akanitaka nirudishe nyuma.

Garbarek aliendelea. Mpiga besi wake wa miaka mingi, Eberhard Weber, alipatwa na kiharusi mwaka 2007 na hakuweza kupiga tena. Bendi ikabadilika sura. Kwenye *Dresden*, iliyotoka 2009, yuko jukwaani na Manu Katché kwenye ngoma, na kuna ukali ndani yake ambao santuri za studio zilikuwa zimeusahau. Kisha akapunguza kurekodi. Binti yake Anja ni mwanamuziki pia, na mkewe, Vigdis, ni mwandishi wa vitabu. Nyumba hiyo haikupungukiwa na watu wa maneno.

Kama hujawahi kumsikiliza, usianze na *Officium*. Imepigwa sana kwenye filamu za huzuni na sebule za wageni, itakuja imechoka. Kwa sikio la Mswahili napendekeza *Madar*, ya mwaka 1992, iliyotoka 1994. Humo yuko na Anouar Brahem wa Tunisia kwenye udi na Shaukat Hussain wa Pakistani kwenye tabla, vyombo ambavyo aliyekulia na taarabu hahitaji kutambulishwa. Wanaanza na "Sull lull", wimbo wa asili wa Norway, na wanaupiga kwa zaidi ya dakika 15. Udi unauchukua kama wa kwao. Weka usiku, watoto wakishalala, na sauti usiipandishe sana.